Jina Chini ya Tanzia

"Zeina, hivi kweli mtu aweza kutangaza kifo chake mwenyewe?"

Hilo ndilo swali aliloulizwa na jirani yake Kahonzi, siku ya tano baada ya Mwalimu Swafwan kuzikwa. Zeina alikuwa ndani ya eda ya mume wake, mkeka wake umetandikwa chumba cha nyuma, na Kahonzi alikuwa ameingia kwa mlango wa uani na kikapu cha mchicha wa shambani kwake Sabaki, kama ilivyokuwa desturi yake miaka yote ya ujirani. Hakuuliza kwa ubaya. Alikuwa na simu mkononi, ameifungua penye tangazo la msiba, na kidole chake kimesimama chini kabisa palipoandikwa kwa herufi ndogo: Imewekwa na Mwalimu Swafwan.

"Hapa juu pasema amefariki," Kahonzi alisema. "Hapa chini pasema ni yeye aliyeandika. Sasa mimi Mkristo, pengine siyajui mambo yenu."

Zeina, ambaye tangu siku ya mazishi alikuwa hata uji haumpiti kooni, alicheka. Alicheka mpaka machozi yakamtoka, na kicheko kilipokwisha machozi yakaendelea yenyewe. Kahonzi akaiweka simu kando, akamshika mkono.

Lakini swali lile halikumtoka.

Mwalimu Swafwan alikuwa mwalimu wa chuo cha Kurani hapo Shela, Malindi, na kwa miaka kumi na moja alikuwa katibu wa kamati ya mazishi ya mtaa. Maiti wa Kiislamu hangojeshwi. Akifa alfajiri, jioni huwa yuko chini ya mchanga. Zamani habari zilipita kwa kipaza sauti cha msikiti na kwa simu za mtu kumpigia mtu, na kila msiba palikuwa na ndugu wa Lamu au Mombasa aliyefika akakuta watu wanakunja mikeka. Swafwan hakulipenda hilo. Akamwendea Mueni, fundi wa kompyuta mwenye duka karibu na soko, akamwomba awatengenezee tovuti ya tanzia. Kila tanzia ikaandikwa kwa mpango mmoja: jina la marehemu, mwana wa nani, msiba uko nyumba gani, atasaliwa msikiti gani, atazikwa wapi, na baada ya swala gani. Hilo la mwisho, Swafwan alikuwa akisema, ndilo roho ya tangazo. Mengine yote mtu anaweza kuuliza njiani.

Zeina alisoma mpaka darasa la saba, na mwandiko wake ulikuwa mzuri kuliko wa mumewe. Habari za kifo hufika kwanza kwa wanawake, kwa kuwa ndio wanaokaa na wagonjwa. Basi akawa anapigiwa simu na akina mama wa Maweni, wa Gongoni, wa Mambrui, naye anaandika. Swafwan alimfungulia akaunti yake, akampa ngazi iitwayo Mchangiaji, yaani mtu anayeweza kuandika lakini hawezi kuchapisha. Akimaliza, anabofya palipoandikwa "Wasilisha likaguliwe," na mumewe, chumba cha pili, analisoma na kulitoa hadharani. "Mimi ndiye mhariri wako," alikuwa akimtania, "na hunilipi hata kikombe cha kahawa." Wakati huo ngazi ile haikumkera Zeina hata kidogo. Kati yake na hadhara palikuwa na mlango mmoja, na aliyekaa mlangoni alikuwa mumewe.

Wanaume wa kamati mambo yao yalikuwa mengine. Swafwan hakuwafungulia akaunti. Mtu akija kusema, "Mwalimu, nataka kutangaza msiba wa mjomba," Swafwan humwandikia paswadi yake mwenyewe kwenye kikaratasi. Kumfungulia mtu mzima akaunti ya chini aliona ni kama kumkalisha mgeni mlangoni; na kumnyima ufunguo aliona ni kumwambia usoni kwamba humwamini. Hivyo, kwa heshima, akamgawia kila mtu jina lake. Watu saba wakawa wanaingia kwa jina moja. Maadamu yeye alikuwa hai, halikuharibika neno, kwa sababu kila jioni alipitia alichoandikiwa na kunyoosha palipopinda.

Alipokufa, aliyetangaza kifo chake alikuwa mdogo wake, Farjallah. Aliingia kwa paswadi ile ile. Ndipo marehemu akaonekana amejitangaza mwenyewe.

Zeina alipotoka eda, miezi minne na siku kumi, alimwambia Farjallah jambo hilo kwa upole, siku alipokuja kumjulia hali.

"Shemeji, jina la Mwalimu lingali linatangaza misiba. Nimehesabu ishirini na tisa tangu atutoke."

Farjallah alicheka. Alikuwa mtu wa watu, mwenye duka la vitambaa, wa kwanza kufika kwenye kila mazishi, mikono imekunjwa tayari kwa kazi. "Acha tu, shemeji. Watu wamelizoea jina la kaka. Wakiliona pale chini, wanaamini. Ukiweka jina la mtu mwingine wataanza kupiga simu kuuliza, ni kweli, si kweli? Acha jina lake lifanye kazi. Ni sadaka yake hiyo."

Neno sadaka likamziba mdomo Zeina. Baadaye alijilaumu sana kwa kunyamaza huko.

Katika mwezi wa nane, siku ya Jumanne, alifariki Mzee Karisa wa Gongoni, mzee aliyesilimu ujanani na kufanya kazi ya chumvi mpaka mgongo ukapinda. Alikata roho kabla ya alfajiri. Kulipokucha Farjallah alikuwa amekwisha kutangaza: atazikwa leo baada ya swala ya Alasiri.

Saa tatu asubuhi simu ya Zeina ililia. Alikuwa dada wa marehemu. Hali ya maiti haikuruhusu kungoja mpaka Alasiri. Wazee wamekaa, wameamua azikwe baada ya Adhuhuri. "Tafadhali lirekebishe, mwanangu, maana Gona, mwanawe, yuko Mombasa. Tumempigia mara mbili hapatikani. Lakini tovuti ataiangalia, ndiyo desturi yake."

Zeina hakulikawiza. Aliandika tangazo jipya, akalisoma mara mbili, akabofya. Kompyuta ikamjibu kama ilivyomjibu miaka yote: Linasubiri kukaguliwa. Ila safari hii chumba cha pili hakikuwa na mtu.

Akampigia Farjallah. Simu ikalia mpaka ikakatika. Akapiga tena. Mara sita. Akampigia Mzee Mwaro, mwenyekiti wa kamati, naye akasema, "Bi Zeina, mimi simu yangu ni ya kuongea tu, mambo hayo ya vioo siyajui. Mtafute Farjallah." Akaketi mbele ya kompyuta, tangazo la kweli liko mbele ya macho yake na la uongo liko mbele ya macho ya watu, na hakuna alichoweza kufanya.

Siku ya tatu yake Gona akaja.

Alikuwa kijana wa miaka thelathini na kitu, fundi wa majokofu, mpole. Alitoa shikamoo, akakaa ukingoni mwa kiti, akakataa chai.

"Nilifungua mara mbili, mama," alisema. "Alfajiri, na tena saa tano kabla sijaondoka, nihakikishe, kwa Wi-Fi ya jirani maana laini yangu ilikuwa haishiki. Mara zote mbili: Alasiri. Simu ikaisha moto njiani, nikasema si neno, saa ninazo. Nilipofika Gongoni niliwakuta watu wanarudi, miguu ina udongo. Nikawauliza, mwatoka wapi? Wakaniangalia tu."

Zeina akasogeza kiti chake karibu.

"Mimi ndiye mwanawe wa kwanza. Ndiye niliyekuwa nishuke kaburini nimpokee. Amepokewa na watu wengine." Akafuta uso kwa kiganja. "Sikuja kugombana. Nataka kumjua aliyeandika, nimwone uso, basi. Nimeangalia chini nimeona jina la mumeo. Mama, Mwalimu Swafwan ndiye aliyenifundisha juzuu ya Amma. Siku alipozikwa nilishuka mimi na wenzangu wawili. Najua alipo."

Maneno hayo yalimchoma Zeina kuliko kama angetukanwa. Sasa aliliona jambo lote kwa uwazi. Mumewe, ambaye maisha yake yote hakumdanganya mtu saa ya mazishi, alikuwa amelazwa kaburini huku jina lake likidanganya. Na kama jina lile lingeachwa, lingedanganya tena, na siku hiyo mwana wa mtu mwingine angefika akakuta udongo.

"Nipe mpaka Alhamisi ijayo," alisema. "Uje baada ya Adhuhuri."

"Mama, nimesema sitaki ugomvi."

"Hutagombana. Utakaa, utatazama."

Alipoondoka, Zeina alimpigia Mueni.

"Mwanangu, kwenye tovuti ile, nani anaweza kumwondoa mtu?"

"Msimamizi tu, mama." Mueni alikuwa dukani, sauti za mashine za kuchapa zikisikika nyuma yake. "Ngoja nikueleze. Mchangiaji kama wewe, anaandika, hachapishi. Mwandishi, anachapisha yake peke yake. Mhariri, anachapisha na kurekebisha ya watu wote. Msimamizi anafanya hayo yote, na ndiye anayewapa wengine ngazi na kuwanyang'anya."

"Na msimamizi ni nani?"

"Ni mmoja, mama. Ni marehemu."

"Wewe je?"

"Mimi nilijitoa kazi ilipokwisha. Sibaki na ufunguo wa nyumba ya watu. Lakini kama una simu ya Mwalimu, unaweza kuingia. Utabofya 'Umesahau nenosiri?' na barua pepe itakwenda kwenye simu yake ikupe njia ya kuweka jipya. Ukishaweka, zile paswadi walizonazo watu kwenye vikaratasi zote zimekufa."

"Kisha nimfute?"

"Usimfute!" Mueni alipaza sauti mpaka Zeina akaiondoa simu sikioni. "Ukimfuta, itakuuliza: maandishi yake tuyafanyeje? Chaguo la kwanza ni kuyafuta yote. Mkono ukiteleza hapo, miaka kumi na moja imekwenda. La pili ni kumpa mtu mwingine yote, na hapo jina lake litatoka kwenye kila alichoandika."

"Tanzia ya mamangu imo humo," Zeina alisema polepole. "Aliiandika yeye."

"Basi mwache, mwondolee ngazi tu. Kwenye orodha ya ngazi, chini kabisa, utaona mstari: Hana wadhifa kwenye tovuti hii. Chagua huo. Jina litabaki kwenye yale aliyoyaandika, lakini mtu hata akiingia nalo, hana la kufanya."

Simu ya Swafwan ilikuwa kwenye kasha, imefungwa ndani ya kikoi chake. Zeina hakuwa ameigusa tangu eda. Aliitoa, akaiweka kwenye umeme, akakaa nayo. Lililomzuia halikuwa woga wa wanaume. Kuingia kwa jina la maiti ndiko kulikomzuia. Hilo ndilo kosa alilotaka kulikomesha. Atalikomesha vipi kwa kulifanya? Alisali rakaa mbili, akaomba aonyeshwe. Alipotoa salamu moyo wake ulikuwa umetulia mahali pamoja: jina lile ni amana, na amana hurudishwa kwa mwenyewe mbele ya mashahidi. Hatafanya chumbani peke yake. Atafanya sebuleni, mchana, macho ya watu yakimwona.

Alhamisi wakaja. Mzee Mwaro alikaa kwenye kiti kikubwa, mkongojo katikati ya magoti. Gona alikaa karibu na dirisha. Zeina alikuwa amemwita na Kahonzi pia, kwa sababu hakupenda kukaa mwanamke peke yake na wanaume, hata kama mmoja ni shemeji. Naye Kahonzi akaja na ungo wa kunde, akakaa mkekani kando yake akichambua.

Farjallah aliingia wa mwisho, akivua makubadhi kwa mbwembwe. "Shemeji, umetuitia harusi au hitima? Maana sijanusa biriani." Kisha akamwona Gona, akapoa. "Ah. Pole sana, ndugu yangu. Kazi ya Mola."

"Ahsante," Gona alijibu.

Zeina hakuzunguka. "Nimewaita muone nitakalofanya, asije mtu akasema nilifanya kwa siri. Naingia kwa jina la mume wangu. Mara moja hii, mbele yenu, kisha halitaingiwa tena na mtu yeyote, mimi nikiwa wa kwanza kukatazwa."

"Shemeji, hayo mambo ya mitambo tuachie sisi," Farjallah alisema.

Zeina alibofya. Simu ya Swafwan, iliyokuwa juu ya meza, ikalia. Mlio ule wote waliujua. Mzee Mwaro aligeuza kichwa mlangoni, kama mtu anayetazamia kumwona mwenye simu akiingia. Kahonzi akaacha kuchambua.

Zeina akaifungua barua, akaandika nenosiri jipya kidole kwa kidole, akaingia. Upande ule hakuwa ameuona kabla. Orodha ilikuwa ndefu kuliko ile yake; akaisoma yote bila haraka mpaka akapata palipoandikwa Watumiaji.

"Mzee Mwaro, kamati ina watu wangapi?"

"Saba, na wewe wa nane."

"Hapa pana watu wawili. Mimi na Swafwan."

"Sisi wengine tuko wapi?"

"Nyinyi nyote ni Swafwan, mzee."

"Ebo!" alisema Kahonzi. "Kumbe marehemu ameacha nyumba kubwa."

Mzee Mwaro akacheka kwa pua, akajizuia kwa kumwona Gona. Farjallah hakucheka.

Zeina akaenda penye matangazo. La Mzee Karisa lilikuwapo, na Alasiri yake. Akatafuta lake yeye, kwenye yale yanayosubiri. Halikuwapo. Akatafuta tena, akidhani macho yamemdanganya, akashuka mpaka chini ya orodha. Hakuna linalosubiri hata moja. Ndipo akaona kando, kwa maandishi membamba: Takataka, moja.

Akaifungua. Tangazo lake lilikuwa humo.

Alisoma kwa sauti, neno kwa neno kama alivyoliandika: "Mzee Karisa wa Gongoni. Msiba uko nyumbani kwake. Wakati umebadilishwa. Atazikwa leo baada ya swala ya Adhuhuri." Kisha akasoma kilichoandikwa kando yake. "Limetupwa Jumanne, saa tatu na dakika hamsini asubuhi."

Zeina alikuwa ameamini, siku zote hizo, kwamba tangazo lake lilikaa mlangoni kwa kukosa mtu. Kumbe mtu alikuwapo.

"Saa tatu na hamsini nilikuwa Mombasa, nakunywa chai," Gona alisema. Alisema kwa sauti ndogo, kama anayejihesabia. "Ningeondoka hapo ningewahi."

Mzee Mwaro akamgeukia Farjallah. "Ni wewe?"

Farjallah alijikuna ndevu. "Nilikuwa Kuruwitu, kwenye kikao. Nikaingia mara moja kuangalia. Nikaona tangazo la pili juu ya mtu yule yule. Nikasema shemeji amerudia, watu watachanganyikiwa. Nikaliondoa."

"Ulilisoma?" Zeina aliuliza.

"Niliona jina."

"Ulilisoma, Farjallah?"

"Sikulisoma."

"Na simu yangu? Mara sita."

"Nilidhani ni mambo ya nyumbani." Kisha, kwa kuwa aibu ilikuwa imemfika shingoni, akapandisha sauti. "Lakini na wewe, shemeji, ndiyo umenikalisha hapa kama mwizi? Mbele ya mzee, mbele ya jirani? Mimi ninayewaosha maiti wa mtaa huu kwa mikono yangu? Na haya mambo ya kupandisha watu ngazi na kuwashusha, mtu wa darasa la saba ndiye atakayetupa sisi ruhusa?"

"Darasa la saba langu lilitosha kuandika Adhuhuri, shemeji."

Kahonzi aliinamia kunde zake.

Zeina akarudi kwenye kompyuta. Alilichagua jina lake mwenyewe, akalipandisha kutoka Mchangiaji kuwa Msimamizi. Akatoka kwenye jina la mumewe, akaingia kwa jina lake. Sasa ndiye aliyekuwa na ufunguo. Akalifungua jina la Swafwan. Orodha ya ngazi ikateremka: Msimamizi, Mhariri, Mwandishi, Mchangiaji, Msomaji, na chini kabisa mstari ule alioambiwa na Mueni.

Hapo akasimama. Kumvua mtu kazi aliyoifanya kwa miaka kumi na moja, naye hayupo kujitetea. Alimkumbuka chumba cha pili, miwani imeshuka puani, akimwita kwa sauti: "Zeina, hapa umesahau msikiti!" Akasema bismillahi, akachagua. Hana wadhifa kwenye tovuti hii. Akahifadhi.

"Umemaliza?" Mzee Mwaro aliuliza.

"Bado, mzee. Tangazo la uongo lingali na jina lake. Nataka limtoke, liende kwa mwenyewe. Mwenyewe hana akaunti. Lazima nimfungulie." Akachukua karatasi na kalamu, akaviweka mezani mbele ya Farjallah. "Niandikie barua pepe yako, shemeji. Utaanza na ngazi ya Mchangiaji. Utaandika, na mtu mwingine atasoma kabla halijatoka. Kila mwanakamati atafunguliwa hivyo hivyo, kila mtu kwa jina lake. Na msimamizi wa pili kamati itamchagua, maana sitaki kukaa peke yangu na ufunguo. Ila awe mtu anayeshika simu."

"Zeina," Mzee Mwaro alisema, akipoza, "huyu ni shemejio. Ngazi ya chini hiyo, ni kama kumvunjia heshima."

"Mzee, ngazi hiyo nimeikalia mimi miaka tisa. Sikusikia mtu akisema nimevunjiwa heshima."

Mzee Mwaro akautazama mkongojo wake.

"Ukiliondoa jina la kaka," Farjallah alisema, sauti imeshuka sasa, "watu hawataamini tena."

"Wataamini watakapofika na kukuta maiti hajazikwa."

"Na nisipoandika?"

"Nitaliweka tangazo lile jina langu. Halitakaa na la Swafwan hata mpaka Alasiri hii. Gona atajua, na hawa watajua, kwamba nimebeba lisilo langu. Nitalibeba. Lakini la kwake litatoka."

Farjallah alimtazama Gona. Labda alitazamia hasira, ambayo angeweza kuijibu. Gona alikuwa amekaa tu, mikono juu ya magoti, anamtazama usoni kama alivyosema kuwa anataka. Hakuwa na hasira. Alikuwa na uchovu wa mtu aliyefika mahali akakuta watu wanarudi.

"Gona," Farjallah alianza. "Mimi ndiye niliyeandika. Na ndiye niliyetupa. Nisamehe."

"Nimesikia," Gona alisema. "Kusamehe kutakuja. Leo nimesikia."

Farjallah akaivuta karatasi. Aliandika polepole, akakosea herufi, akaikata, akaandika upya chini yake. Akaisukuma karatasi mpaka mbele ya Zeina na kuilaza kalamu juu yake. Zeina aliichukua, akaanza kuiingiza herufi baada ya herufi: jina, barua pepe, ngazi. Kisha akaifungua tanzia ya Mzee Karisa, akabadilisha mwandishi. Chini kabisa, kwa herufi ndogo, pakasomeka jina la Farjallah. Akaigeuza kompyuta ili waone wote.

Farjallah aliinama akasoma. Akalisoma jina lake kwa muda mrefu. Kisha akaichukua kofia yake magotini, akasimama, akaivaa akiinyoosha kwa mikono miwili, akatia miguu kwenye makubadhi yake, akatoka.